Chokaa ya tambuu yafaa kupikia tortilla? Naomba ushauri

Salaam aleikum wapishi wa Mombasa, nataka kupika tortilla za mahindi nyumbani, ile mikate myembamba ya Meksiko inayochomwa kwa chuma kikavu bila mafuta, sasa huu unga wetu wa ugali hata ukiukanda na maji moto haushikani, ukisukuma tu wapasukapasuka. Wenyewe kule mahindi makavu wanayachemsha na chokaa, kama gramu 10 kwa kilo moja, yanalala usiku kucha humohumo, asubuhi yanaoshwa maganda yatoke ndo yanasagwa yakiwa yamelowa vilevile. Hiyo chokaa ndo inafanya donge lishikane na ndo inaleta ile harufu yake.

Mahindi meupe nitapata Kongowea, shida si hiyo. Je hii chokaa ya tambuu yafaa kupikia ama inatiwa vitu vyengine? Ya kupaka ukuta siitaki hata kuisikia. Halafu kuna aliyewahi kusaga mahindi ya kulowa na blenda ya kawaida, mota haiungui kweli? Kinu ninacho lakini mikono ndo sina 😅

Na tafadhali msinambie nichanganye na ngano, hizo si zitakuwa chapati tu jamani.