Mwigizaji anayejitungia nyimbo bila lebo: wimbo unatakiwa kwenye tamthilia, mkataba ukaeje?

Mchonga_Kinyago:
Wakuu, habari za jioni. Kuna mwigizaji yuko hapa Mtwara Mjini, anatunga na kuimba mwenyewe, hana lebo wala meneja. Nyimbo mbili zimeshatoka, ya tatu bado iko kwenye kompyuta ya prodyuza. Amepata nafasi kwenye tamthilia inayorekodiwa Dar, vipande 26, na mtayarishaji anautaka huo wimbo wa tatu uwe wa kufungulia. Mkataba wa kuigiza una mstari unaosema "kazi zote atakazozalisha msanii katika kipindi cha mradi ni mali ya kampuni". Malipo ya wimbo hayajatajwa popote. Biti ni ya prodyuza wa huku huku, waliahidiana kwa mdomo, na sauti iliyopo ni ya majaribio tu.

Asaini hivyo hivyo? Sauti ya mwisho airekodi huku au asubiri studio za Dar? Na mitandaoni autoe lini, kabla tamthilia haijaanza au baada?

Shangani_Pwani:
Asisaini hivyo. Huo mstari ukiusoma ulivyo, unameza hata wimbo atakaoutunga usiku gesti baada ya kazi, kwa sababu "kipindi cha mradi" kinahesabu siku zote, za kamera na za mapumziko. Aombe ubadilishwe usomeke "uigizaji wake ndani ya tamthilia hii". Wimbo upate mkataba wake pembeni, na malipo yake.

Lakini kabla hajaongea na Dar, amalizane na prodyuza. Wimbo una haki za aina mbili: utunzi, yaani maneno na melodi, halafu rekodi yenyewe, ile ambayo studio wanaiita masta. Anayetaka kuuweka kwenye picha anahitaji ruhusa ya pande zote mbili. Kwa sasa hakuna anayeweza kuthibitisha nani ana nini, na prodyuza akikataa wiki ya kurusha kipande cha kwanza, kazi yote inasimama. Karatasi moja inatosha: jina la wimbo, majina kamili kama yalivyo kwenye vitambulisho, nani kafanya nini, asilimia za utunzi zinazofika 100, asilimia za masta zinazofika 100, tarehe, saini na mashahidi. Mfano, utunzi 50 kwa 50, masta yote ya mwigizaji kama studio ameilipia yeye. Wakikubaliana vingine ni sawa, ila yaandikwe. Na aulize wazi kama hiyo biti haijauzwa kwa mtu mwingine wala haina kipande kilichonyofolewa kwenye wimbo wa watu.

Kwa mtayarishaji, anachotoa ni ruhusa ya kutumia. Mkataba utaje wimbo upi, utatumika wapi (kufungulia tu, au na matangazo ya tamthilia pia), kwa muda gani, kwa mfano msimu mmoja au miaka 2, na kwenye njia zipi. Watu huandika "Tanzania" halafu kipande kinapandishwa YouTube ambako hakuna mpaka, kwa hiyo mtandao uandikwe na ulipiwe. Ruhusa isiwe ya kipekee, ndipo ataweza kuutoa mwenyewe. Jina lake liingie kwenye orodha ya majina kama mtunzi na mwimbaji, mbali na jina lake la uigizaji. Kiasi kiandikwe ni kabla au baada ya kodi ya zuio, ile inayokatwa kabla hujalipwa, maana hapo ndipo laki tano hugeuka kitu kingine siku ya malipo.

Neno "kuhamisha haki" akilikuta, aweke kalamu chini. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inataka uhamishaji uwe wa maandishi, kwa hiyo karatasi anayoisaini ndiyo inayoweza kumtoa kwenye wimbo wake. Kusajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki, afanye pia. Hakimiliki haingojei usajili, inakuwepo tangu kazi ilipotungwa, lakini cheti ni ushahidi wa tarehe. Haki ya utunzi inadumu maisha yake yote na miaka 50 baadaye, kwa hiyo anachojadili leo wajukuu wake watakikuta.

fundi_maiki:
Sauti airekodi huku kabla ya kupanda basi. Mtwara hadi Dar ni zaidi ya kilomita 550, kiyoyozi kinapuliza usoni njia nzima, koo linafika limekauka. Akishaanza kurekodi tamthilia ndiyo kabisa: matukio ya kugombana na kulia yanavimbisha sauti, na mwimbaji anahitaji siku za kuongea taratibu kabla ya kuimba tena. Ratiba ya Dar haitampa hizo siku.

Chumba cha kawaida kinatosha kikiwekwa vizuri. Kosa la wengi ni kubandika povu nyuma ya maiki na kuacha ukuta mtupu nyuma ya mwimbaji. Maiki ya kondensa inasikiliza mbele yake, na mbele yake yupo mwimbaji na huo ukuta, ndiyo maana sauti inatoka kama ya bafuni. Magodoro mawili ya futi 4 kwa 6 yasimamishwe nyuma ya mgongo wake, yakutane pembeni kama kitabu kilichofunguliwa nusu. Juu, kama ni bati bila dari, zivutwe khanga au blanketi zito kwenye kamba. Mvua ikianza, simamisha kazi, kelele ya bati haisafishiki kwenye programu yoyote. Feni izimwe wakati wa kurekodi, iwashwe kati ya ubeti na ubeti, la sivyo jasho litamaliza watu.

Maiki iwe shubiri moja kutoka mdomoni, na iinamishwe kidogo pembeni ya midomo. Waigizaji wana ugonjwa wao: wamezoea kumfikia mtu wa kiti cha mwisho, kila P na B inatoka kama kofi. Kichujio cha mbele ya maiki kinapunguza, pembe ya maiki inamaliza. Kilele cha sauti kiishie kati ya -12 na -8 dB, asirekodi karibu na 0 kwa kudhani ndiyo sauti nene.

Rekodini 48 kHz, 24-bit, kwa sababu video inatembea na 48. Wakirekodi 44.1 fundi wa Dar atabadilisha tu, si janga, lakini kwa nini umwachie? Siku ya kukabidhi wapeni mafaili matano: wimbo kamili, biti bila sauti, sauti peke yake, kipande cha sekunde 60 na cha sekunde 30. Vipande vifupi mkate wenyewe, viishie kwenye kiitikio kamili. Mkimwachia mhariri wa picha, atafifisha katikati ya neno.

Mchonga_Kinyago:
Shukrani sana wakuu. Bado hilo la mitandaoni. Na mtayarishaji amesema bajeti ya wimbo haipo ila "atapata jina".

Lindi_Mitwero:
Jina tayari analipata kwenye uigizaji, halihesabiki kuwa malipo ya wimbo. Kama pesa kweli haipo, achukue kitu kinachopimika: msimu mmoja tu, kiungo cha wimbo kwenye maelezo ya kila kipande vyote 26, na msimu wa pili uwe wa malipo, kiasi kikiandikwa sasa hivi.

Kutoa: wiki ile ile ya kipande cha kwanza. Ukitoka mwezi mmoja kabla, hakuna anayeujua. Ukitoka mwezi mmoja baada, watu wameshautafuta wameukosa, na wajanja wameunyofoa kwenye video wakaupandisha kwenye chaneli zao. Ampelekee msambazaji, yaani kampuni inayopandisha nyimbo mitandaoni, wiki 4 kabla. Spotify wanataka ombi la kuwekwa kwenye orodha zao za nyimbo liingie si chini ya siku 7 kabla ya tarehe ya kutoka. Boomplay, programu nyingine ya kusikilizia muziki, asiisahau, wapo wasikilizaji wa huku wanaoitumia. Picha ya jalada pikseli 3000 kwa 3000, isiwe na namba ya simu wala nembo ya mtandao, zinarudishwa hizo.

Jina la msanii libaki lile lile la nyimbo mbili za mwanzo, hata kama mtaani wataanza kumwita jina la mhusika. Wakati wa kupandisha achague ukurasa wake uliopo. Akiacha mfumo uchague, wimbo unaweza kuangukia kwa msanii mwingine mwenye jina kama lake. Hilo jina la mhusika aliweke kwenye maelezo ya video, ndiko watu watakakotafutia.

Sasa mtego wenyewe. Msambazaji akiusajili wimbo kwenye Content ID ya YouTube, kipande cha kwanza kikipanda tu mfumo unautambua wimbo na pesa ya matangazo ya kile kipande inaweza kuelekezwa kwa msanii kupitia msambazaji. Mtayarishaji ataamka asubuhi anadhani ameibiwa na msanii wake mwenyewe. Kwa hiyo aombe kitambulisho cha chaneli ya tamthilia, kinaanza na UC na kina herufi, tarakimu au alama 24 jumla, ampe msambazaji aiweke kwenye chaneli zilizoruhusiwa, na asubiri jibu kabla ya siku ya kurusha. Na hapa ndipo lile swali la Shangani_Pwani kuhusu biti linapouma: kama prodyuza ameikodisha kwa wasanii wengine, wimbo usiingizwe Content ID kabisa, utakamata nyimbo zao na zao zitaukamata.

Msambazaji wa ada ya mwaka, asome kinachotokea ada isipolipwa, wengine huondoa nyimbo. Namba ya ISRC, kitambulisho cha rekodi, ile ya herufi na tarakimu 12, aiandike kwenye daftari. Akihama msambazaji ahame nayo, ndiyo inayosaidia hesabu ya wasikilizaji isianze upya.

Shangani_Pwani:
Kuongezea: tamthilia inaanza lini? Ikiangukia Oktoba, minada ya korosho inakuwa imefunguliwa na Newala, Tandahimba, Masasi hadi Ruangwa watu wana hela ya kiingilio cha onyesho la muziki. Mkataba wa kuigiza umwachie angalau wikendi mbili kwa mwezi za kwenda kuimba, ziandikwe. Na kibali cha onyesho aanze mapema kwa afisa utamaduni wa halmashauri husika.

Mchonga_Kinyago:
Inaanza katikati ya Oktoba. Kesho asubuhi tunaanza na karatasi ya prodyuza.