Kama hakuna Mungu anayetoa amri, Mbuddha anawajibika kwa nani?

Mdadisi ameandika:

Habari za wakati huu, ndugu zangu. Katika kikundi chetu cha kusoma falsafa tumefika kwenye maadili ya Kibuddha, nami nimekwama mahali ambapo naona ni heri niombe msaada kabla hatujaendelea. Wengi wetu tumelelewa katika dini ambamo jambo huwa dhambi kwa sababu Mwenyezi Mungu amelikataza, na siku ya hukumu ipo. Buddha hakujitangaza kuwa mjumbe wa Mungu, hakutoa amri kwa jina la yeyote aliye juu yake, na tena alifundisha kwamba ndani ya mtu hamna nafsi ya kudumu. Basi wajibu unatoka wapi, na ni nani atakayebeba mzigo wa tendo ikiwa mtendaji wa jana si yule yule wa leo?

Jambo la pili ni kisa cha Cakkhupala, mtawa kipofu, ambacho husimuliwa katika kufafanua ubeti wa kwanza wa Dhammapada, kitabu cha beti za mafundisho ya Buddha. Mvua ilinyesha usiku, wadudu wakatoka ardhini, naye alfajiri akatembea kwenye kijia chake cha kutafakari, akawakanyaga wengi wakafa. Watawa wageni walipowaona wadudu waliokufa wakaenda kumshtaki. Buddha akawauliza kama walimwona akiua. Waliposema hawakumwona, akawajibu kwamba kama wao wasivyomwona, ndivyo naye asivyowaona wadudu wale, wala hakuwa na nia ya kuua. Je, maana yake ni kwamba nia njema hufuta kila kitu? Nikikubali hivyo, naogopa kwamba kila mdhalimu atapata mahali pa kujificha.

Msomaji wa Kale amejibu:

Ndugu Mdadisi, kabla ya kutafuta mtoa amri, tazama kwanza mwamini wa kawaida anafanya nini. Nchini Sri Lanka, siku ya mwezi mpevu, ambayo huko ni sikukuu ya taifa kila mwezi, watu waliovaa nguo nyeupe huketi mbele ya mtawa na kuzikariri kanuni tano kwa Kipali, lugha ya maandiko ya kale ya Kibuddha: kujiepusha na kuua viumbe hai, kuchukua kisichotolewa, uzinzi, uongo, na vileo vinavyoleta uzembe. Kila mmoja hutamka kwamba yeye mwenyewe anaichukua kanuni hiyo ili ajifunze kwayo. Mtawa hamwamrishi, anamwongoza tu katika kuyatamka maneno. Kwa hiyo anayevunja kanuni hajamwasi mtawala, bali amekwenda kinyume na mafunzo aliyoyapokea kwa hiari yake, na madhara ya tendo lake yatafuata kama homa inavyofuata maji machafu, bila kumsubiri hakimu.

Hata hivyo tusidhani kwamba kila mtu anajitungia mema na mabaya yake. Kipimo kipo, nacho ni mizizi mitatu ya uovu, yaani tamaa, chuki na upumbavu wa kutoyaona mambo yalivyo. Wakalama wa mji wa Kesaputta walipomlalamikia Buddha kwamba kila mwalimu apitaye anasifu mafundisho yake na kuyaponda ya wenzake, aliwaambia wasishike jambo kwa sababu tu limerithiwa, limesikika au limesemwa na mwalimu wao. Kisha akawauliza: tamaa ikiinuka ndani ya mtu, inamletea heri au madhara? Wakajibu wenyewe kwamba ni madhara. Wengi hunukuu sehemu ya kwanza ya mazungumzo hayo kana kwamba inaruhusu kila mtu kuamini apendavyo, wakaiacha hii ya pili, ambayo ndiyo yenye uzito. Humo humo Buddha anataja pia lawama ya wenye hekima kuwa sehemu ya kipimo.

Kwa mtu anayetaka kuona maadili haya yakifundishwa ana kwa ana, hakuna mahali bora kuliko mawaidha aliyopewa Rahula, mwanawe Buddha. Buddha alibakiza maji kidogo tu katika chombo alichonawia miguu, akamwambia kijana kwamba hivyo ndivyo ulivyo mdogo utawa wa mtu asiyeona haya kusema uongo kwa makusudi. Akayamwaga, akakigeuza chombo juu chini, akamwonyesha kilivyo kitupu, na akamwagiza asiseme uongo hata kwa mzaha. Baada ya hapo akamfundisha kulichunguza kila tendo kabla ya kulitenda, wakati wa kulitenda na baada ya kulitenda, akijiuliza kama linamdhuru yeye, linawadhuru wengine, au linawadhuru wote. Angalia kwamba uchunguzi hauishi tendo linapoisha. Hapo naona sehemu ya jibu la swali lako la pili.

Bint Salim amejibu:

Naunga mkono aliyosema Msomaji wa Kale. Sisi Waislamu tukisoma maneno ya Buddha kwamba nia ndiyo anayoiita karma, yaani tendo lenye kuzaa matokeo kwa mtendaji, mara tunaikumbuka hadithi ya kwanza katika zile arobaini za Imamu Nawawi, kwamba matendo huzingatiwa kwa nia. Kufanana kupo, lakini tusikuvute kupita kiasi. Kwetu nia hupimwa na Mwenyezi Mungu, naye ndiye mlipaji. Kwa Wabuddha nia yenyewe ndiyo inayoacha alama katika mkondo wa akili ya mtu na kuzaa matokeo yake, hata kama hakuna anayetazama.

Kuhusu hofu yako, soma kesi zilizohifadhiwa katika Vinaya, kanuni za watawa. Mtawa mmoja aliketi kwenye kiti palipolazwa mtoto mchanga aliyefunikwa kwa nguo, na mtoto akafa. Hukumu ilikuwa kwamba mtawa hana kosa la kuua, lile linalomfukuzisha mtu utawani, kwa kuwa hakukusudia. Lakini papo hapo ikawekwa kanuni kwamba mtawa asiketi bila kutazama anapoketi, na atakayeketi hivyo ana kosa. Kwa hiyo kukosa nia ya kuua kulimwondolea hatia ya kuua, lakini uzembe haukuachwa upite bila jina.

Mdadisi ameandika tena:

Nashukuru sana, Bint Salim, kesi hiyo imenifungua macho. Lakini bado yupo mtu anayenitia wasiwasi kuliko mtawa yule, naye ni yule anayeua kwa kukusudia kabisa, huku akiamini kwa moyo wote kwamba anatenda jema. Kwa mtu huyo nia ni safi machoni pake.

Mkaazi wa Ziwani amejibu:

Mdadisi, swali lako liliulizwa zamani. Katika mazungumzo ya mfalme Milinda, aliyekuwa Mgiriki akitawala kaskazini-magharibi mwa Bara Hindi katika karne ya 2 kabla ya Kristo, mfalme alimuuliza mtawa Nagasena ni nani mwenye hasara kubwa zaidi, atendaye uovu akijua au atendaye asijue. Nagasena akajibu kwamba ni asiyejua, kwa maana mtu anayeshika donge la chuma cha moto bila kujua kwamba ni la moto huungua zaidi kuliko anayejua. Kutojua kunakozungumzwa hapa si kule kwa Cakkhupala, ambaye hakuwaona wadudu. Kwa ufahamu wangu, ni kutojua kwamba uovu ni uovu. Huo ndio upumbavu uliotajwa katika mizizi mitatu. Anayeua kwa imani kwamba anatenda jema ana nia iliyokwisha kuoza kutoka chini, hata kama juu inapendeza.

Nasisitiza jambo hili kwa sababu historia ya Wabuddha wenyewe ina doa hapo. Mahavamsa, kitabu cha kale cha historia ya Sri Lanka, inasimulia jinsi mfalme Dutthagamani alivyosononeka baada ya kumshinda mfalme Elara na kuangamiza jeshi kubwa. Watawa wanane waliohesabiwa kuwa wakamilifu wakamfariji kwamba aliowaua ni mtu mmoja na nusu tu: mmoja aliyekuwa amezishika kanuni tano, na mwingine, aliyehesabiwa nusu, aliyekuwa amekimbilia tu kwa Buddha, mafundisho na jumuiya. Waliobaki, wakasema, ni kama wanyama. Mimi naliona jibu hilo kuwa usaliti wa fundisho lile lile waliloapa kulilinda, kwani kanuni ya kwanza inawalinda viumbe hai wote, wanyama wakiwemo, wala haiwaulizi imani yao.

Kuna watakaokutajia nahodha wa simulizi za Mahayana, mojawapo ya matawi makubwa ya Ubuddha, aliyemuua mwizi mmoja ili kuwaokoa wafanyabiashara mia tano waliokuwa chomboni. Msisahau kwamba nahodha yule alikuwa tayari kwenda jehanamu kwa tendo lake, na kwamba alimhurumia hata mwizi, asije akabeba mauaji ya watu wengi kiasi hicho. Hakutafuta mtu wa kumwambia kwamba aliyemuua si binadamu.

Msomaji wa Kale amejibu:

Ndugu Mkaazi amesema vyema. Niongeze kwa ufupi kwamba wanazuoni wa Magharibi hawajakubaliana maadili haya yawekwe fungu gani. Damien Keown aliyalinganisha mwaka 1992 na maadili ya tabia njema ya Aristotle. Charles Goodman, mwaka 2009, akayasogeza upande wa wanaopima tendo kwa matokeo yake. Mimi naegemea kwa Keown, kwa sababu ya Cakkhupala: katika kisa hicho hicho tunaambiwa kwamba katika maisha ya awali alikuwa tabibu, na mgonjwa aliyepona alipomdanganya ili akwepe malipo, akamtengenezea dawa nyingine iliyompofusha kwa makusudi. Kumpaka mtu dawa machoni ni tendo la tiba. Moyo wa mpakaji ndio ulioligeuza kuwa uovu.

Limebaki swali la mbebaji wa mzigo. Nagasena alimpa Milinda mfano wa mwizi wa maembe anayejitetea kwamba maembe aliyoyachuma siyo yale yaliyopandwa na mwenye shamba. Mfalme mwenyewe alikiri kwamba mwizi huyo anastahili adhabu, kwa kuwa maembe ya mtini yametokana na yale yaliyofukiwa ardhini. Vivyo hivyo mtu wa leo ametokana na wa jana bila kuwa kitu kile kile kisichobadilika, na uhusiano huo unatosha kumfanya awajibike.

Kikundi chenu kikimaliza hapo, someni mjadala wa Upali katika Majjhima Nikaya, mkusanyo wa hotuba za Buddha. Upali alikuwa mfuasi wa Wajaini, watu wa dini nyingine ya Kihindi ya wakati huo, walioshikilia kwamba tendo la mwili ndilo zito kuliko la akili, akaenda kwa Buddha akiwa na uhakika wa kumshinda. Humo mtaiona hoja ya nia ikipingwa na watu waliokuwa na sababu nzito za kuipinga.