Mtunzi wa muziki wa filamu atengeneze na madoido ya picha, au achague kazi moja?

Mwana wa Ng'ambo: Assalamu alaykum. Mpwa wangu hutunga muziki wa filamu fupi hapa Unguja, na filamu hizo hizo huzitengenezea madoido ya picha kwa kompyuta: hufuta nyaya za umeme juu ya mapaa ya Mji Mkongwe, hugeuza mchana kuwa usiku. Baba yake anataka achague moja. Mimi naona aendelee na zote, kwani Robert Rodriguez, mwongozaji filamu wa Marekani, aliyeanza mwaka 1992 kwa filamu ya dola 7,000 hivi, mwaka 2005 alikuwa mtunzi wa muziki na pia msimamizi wa madoido katika filamu ya Sin City. Tena siku hizi hata kanuni, ile ala ya nyuzi ya taarabu, hupigwa na kompyuta.

Mpiga Fidla: Hilo la kanuni silikubali. Nimekaa ubavuni mwa kanuni miaka 30. Ina nyuzi zaidi ya 70, na mpigaji hunyanyua vijichuma vidogo wimbo ukiendelea ili abadilishe maqamu, yaani mpangilio wa sauti za wimbo. Siti binti Saad alipokwenda kurekodi Bombay mwaka 1928 alifuatana na wapigaji wake.

Wa Wete: Maalim, hakuna aliyeitukana kanuni. Kijana hana fedha za kukodi watu wanane. Ila na huyo Rodriguez hakutunga peke yake. Watunzi John Debney na Graeme Revell walikuwamo, na picha zilifanywa na kampuni za kazi hiyo. Kusimamia si kukesha mezani.

Bi Shangani: Mimi nimehariri filamu, na tatizo nililoliona ni la wakati. Mtunzi hawezi kupima muziki wake mpaka uhariri ufungwe, na madoido nayo husubiri uhariri huo huo, kwa hiyo kazi zote mbili humwangukia katika wiki zile zile za mwisho, naye hulipwa ujira wa mtu mmoja.

Mpiga Fidla: Wa Wete ametutaja watu wanane kana kwamba sisi ni mzigo. Mgeni mmoja aliwahi kunirekodi mchana kutwa, sauti moja moja ya fidla, akanilipa siku ile tu. Sijui fidla yangu inalia katika filamu ya nani leo. Hiyo kompyuta mnayoisifu imejaa mikono ya watu.

Wa Wete: Kwa hilo la mzigo naomba radhi, Maalim, nilisema kuhusu mfuko wa kijana, sikusema kuhusu thamani yenu. Lakini akilazimika kungoja taarabu nzima, hatatoa filamu hata moja.

Mwana wa Ng'ambo: Maalim, umenishitua. Sauti za kanuni anazotumia mpwa wangu zilikuja pamoja na programu, na sikumbuki kuona jina la mpigaji. Leo usiku nitamwuliza.

Bi Shangani: Muulize na la pili, ndugu yangu. Mkataba wake umeandika kazi moja au mbili?