Nimeombwa niwe mtayarishaji na pia nisimamie uhariri, sauti na rangi. Nikubali?

Kijana_wa_Umoja
Habari zenu wakubwa. Nimehariri video za harusi na matangazo ya maduka kwa miaka 4. Sasa mwongozaji mmoja niliyesoma naye ana filamu ya dakika 90, siku 14 za kurekodi, Eastlands na River Road jijini Nairobi, bajeti shilingi milioni 2.2. Anataka tuitayarishe pamoja, na tukimaliza kurekodi nisimamie uhariri, sauti na rangi mpaka filamu ifike sinema. Malipo 80,000 na asilimia 10 ya mapato. Mama ameniuliza hiyo ni kazi gani, nikashindwa kumweleza. Kuna anayeishi kwa kazi hii hapa? Nianzie wapi?

Dada_wa_Kilimani
Mdogo wangu, hii ndiyo kazi yangu tangu 2013. Umeandika "tukimaliza kurekodi", na hapo ndipo umenishtua. Ukingoja wamalize umechelewa.

Filamu yangu ya pili niliitwa kurekodi kumekwisha. Nikaletewa diski tatu ndani ya mfuko wa sandarusi. Kamera kubwa ilirekodi fremu, yaani picha, 25 kwa sekunde, ya pili 24, na hakuna aliyeandika popote. Mhariri akazichanganya, akafanya kazi wiki sita. Picha za kamera ya pili, ukimtazama mtu akitembea, alikuwa anashtuka mara moja kila sekunde. Tukafika kwenye DCP, ile nakala ya sinema, ambayo kwa kawaida huenda kwa fremu 24. Piga hesabu: dakika 90 za fremu 25 ukizichezesha kwa 24 zinakuwa dakika 93 na sekunde 45. Sauti isiporefushwa kwa kiasi hicho hicho, maneno yanatangulia midomo. Tulirudia karibu nusu ya kazi, na pesa za kuchanganya sauti zikaishia kwenye marekebisho. Mwongozaji alilia chumbani kwangu. Alipoondoka nikalia mimi.

Tangu siku hiyo, kabla ya kurekodi huwaketisha meza moja mtu wa kamera, wa sauti, mhariri na wa rangi. Tunarekodi dakika mbili za majaribio, tunazipitisha njia yote hadi DCP, kisha tunazitazama kwenye skrini kubwa. Kila jioni kadi ya kamera inanakiliwa kwenye diski mbili, na nakala ya tatu inalala kwa shangazi yangu Ruaka. Kadi haifutwi mpaka niseme mimi.

Kuhusu pesa: kati ya hizo milioni 2.2, ngapi zimetengwa kwa uhariri, sauti, rangi na muziki? Zikae kando kabla ya siku ya kwanza. Siku ya tisa jenereta ikiharibika, watakimbilia hizo kwa sababu siku za kuzitumia bado ziko mbali. Na asilimia 10 ni kabla ya gharama kurudishwa au baada? Iandikwe.

Mama mwambie ni kama foremani wa mjengo. Hapigi plasta, lakini anajua haipigwi kabla mtu wa stima hajapitisha nyaya zake ukutani.

Masikio254
Ndugu, hapo River Road sikiliza kabla ya kutazama. Tulirekodi wapenzi wakizungumza, matatu ikapita na wimbo unaojulikana na kila mtu. Ukaingia nyuma ya maneno, na hautoki. Kuuacha kunataka ruhusa ya mwenye utunzi na ya mwenye ile rekodi pia. Ilibidi tuwarudishe waigizaji studio, na mmoja alikuwa ameshahamia Mombasa. Kila mahali mnaporekodi, nyamazisheni watu nusu dakika, mchukue sauti ya mahali penyewe. Halafu mwisho wa kazi dai mazungumzo kando, muziki kando, milio ya vitendo kando. Televisheni ya nje ikitaka kuweka Kifaransa, itaulizia hizo.

Kijana_wa_Umoja
Asanteni sana. Nimempigia mwongozaji. Pesa za baada ya kurekodi zilizotengwa ni 150,000. Kamera za fremu gani, hajui.

Mzee_wa_Ratiba
Ongeza siku za KFCB pia, ile bodi ya kuainisha filamu. Filamu haionyeshwi hadharani kabla haijaainishwa.

Dada_wa_Kilimani
150,000 kwa dakika 90 hazifiki. Irudieni bajeti kabla hamjalipia kamera, hata mkipunguza siku za kurekodi ziwe 12.

Na hizo kazi mbili, chagua moja. Mimi leo hufanya zote, lakini nilisimamia filamu nne kwanza bila kuwa mtayarishaji. Mtayarishaji anataka kuchota pesa za sauti aokoe siku ya leo. Msimamizi ndiye wa kumwambia hapana. Ukiwa ndiwe wote wawili, siku ya tisa nani atakukataza? Kwa miaka yako 4 ya uhariri, mimi ningeshika usimamizi, na mtayarishaji atafutwe mwingine. Ukipata majibu ya kamera yalete hapa, tupange hayo majaribio ya dakika mbili.