Mjadala: Aliyewekwa kizuizini bila mashtaka aambiwe nini?

MTOA MADA: Kwanza tusichanganye mahabusu na mtu wa kizuizini. Mahabusu ana kesi: anatuhumiwa kwa jambo lililokwisha kutendeka, anasubiri siku yake mahakamani. Mwenzake hana kesi. Amefungiwa kwa hofu ya jambo ambalo huenda atalitenda. Sasa mtu atajiteteaje kwa kisichotokea?

Ndiyo maana nasema haki ya kuambiwa sababu, kwa undani unaojibika, itangulie nyingine zote. Tena kwa lugha anayoielewa. India mwaka 1962, mtu mmoja alipewa sababu za kuzuiliwa kwake kwa Kiingereza, lugha asiyoijua. Akaomba nakala ya Kihindi, akanyimwa. Akaambiwa si umeshatafsiriwa kwa mdomo? Mahakama Kuu Kabisa ikasema huko si kumwarifu, ikaamuru aachiwe.

MCHANGIAJI WA 1: Mtoa mada, unazungumza kana kwamba hakuna anayeuawa kwa kutoa habari. Kikao cha watu watatu kikipanga shambulio, mmoja wao akaja kusema, ukimwandikia mtuhumiwa "tarehe fulani, nyumba fulani" umeshamkabidhi jina. Hata India hiyo unayoitaja, Katiba yake, ibara ya 22, inamlazimu mwenye kutoa amri aeleze sababu, kisha inamruhusu afiche mambo ambayo kuyafichua kungedhuru umma. Waliotunga hawakuwa wajinga.

MTOA MADA: Hoja nzito hiyo, siikwepi. Lakini tazama Uingereza. Baada ya Septemba 2001 iliwafunga raia wa kigeni bila mashtaka kwa tuhuma za ugaidi. Ushahidi wa siri alionyeshwa wakili maalumu, ambaye akishausoma haruhusiwi tena kuzungumza na anayemtetea bila idhini. Yaani anakutetea ila hawezi kukuuliza, "siku ile ulikuwa wapi?" Mwaka 2009 Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu ilipitia kesi ya kila mmoja. Walioambiwa mambo mahususi, kama kununua vifaa vya mawasiliano au kukutana na watu waliotajwa, walionekana wangeweza kujibu. Wanne walioambiwa maneno ya jumla tu, au waliofichwa ushahidi wa kuwaunganisha na ugaidi, mahakama ilisema haki yao ilivunjwa. Siri ilibaki siri, lakini kiini cha tuhuma kilipaswa kutolewa.

MCHANGIAJI WA 2: Wote wawili mmemsahau jaji. Sababu zinakusaidia nini kama hakuna wa kuzipima? Mwaka 1940, vitani, Robert Liversidge alizuiliwa huko huko Uingereza. Kanuni ilimtaka waziri awe na sababu za msingi. Mwaka 1941 majaji wanne kati ya watano wakaona inatosha waziri mwenyewe kuamini anazo! Lord Atkin peke yake alikataa, na leo sheria imemfuata yeye. Guantánamo nayo, kambi ya jeshi la Marekani huko Kuba walikofungiwa watuhumiwa wa ugaidi: hadi Mahakama Kuu Kabisa ya Marekani inatamka mwaka 2008, kwa kura 5 dhidi ya 4, kwamba wanaruhusiwa kupinga kufungwa kwao mahakamani, wengine walikuwa wamekaa miaka sita.

MCHANGIAJI WA 3: Naongeza dogo. India mtu hazuiliwi zaidi ya miezi mitatu bila bodi ya ushauri kuona ipo sababu ya kutosha. Sawa. Lakini mbele ya bodi hiyo hana haki ya wakili. Mahakama ilichowapa ni hiki tu: serikali ikija na wakili, au hata afisa wa kuitetea amri, naye aruhusiwe wakili wake. Huo nao ni usawa? Serikali isipomleta yeyote, aliyefungwa bado anajitetea bila wakili.

MTOA MADA: Kwa jaji nimekubali, nilimweka nyuma mno. Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na Kisiasa wa 1966, ibara ya 9, unampa kila aliyenyimwa uhuru nafasi ya kwenda mahakamani, ambayo yaweza kuamuru aachiwe. Hapo sibishani.

Ila mchangiaji wa kwanza, turudi kwenye kikao chako. Je, kama yule wa tatu hakuona mpango wowote, bali anamdai mwenzake au wamegombania mirathi? Mwenye kuujua ugomvi huo ni aliyefungwa, na hatautaja mbele ya jaji yeyote asipojua kinachosemwa kimetoka kikao kipi. Huyo unamlindaje?

MCHANGIAJI WA 1: Kwa huyo sina jibu. Lakini nawe hujanijibu kuhusu mtoa habari wa kweli, kikao kikiwa cha watu watatu tu.