Wauguzi 9 wodi ya wazazi, barua 4 za uhamisho: nianzie wapi?

Mfawidhi_Wazazi: Wakuu, heshima kwenu. Nasimamia wodi ya wazazi kwenye kituo cha afya cha halmashauri. Wauguzi wapo 9: asubuhi wanaingia 3, jioni 2, usiku 2. Barua za uhamisho mwaka huu zimefika 4. Mshahara siupangi mimi. Nifanye nini, kwa uwezo wangu, wabaki na waipende kazi?

Kitenge_Bluu: Anza na rosta. Zamu 7 kwa siku ni 49 kwa wiki. Watu 9 wakifanya zamu 5 kila mmoja, unapata 45. Halafu likizo: siku 28 kwa watu 9 zinakula wiki 36 za mwaka, na wiki hizo wanaobaki 8 wanakupa zamu 40 tu. Pengo ni zamu 9, na kuna watu wanazibeba bila kuandikwa popote. Ukiwaambia uuguzi ni wito wakati zamu hizo hazihesabiwi, unawafukuza.

Wangekuwa 11, hata mmoja akiwa likizo unapata 50. Mpelekee muuguzi mkuu wa wilaya hesabu hiyo kwa maandishi. Neno "tumezidiwa" analisikia kila siku. Wakati unasubiri, kila zamu ya ziada iandikwe siku ileile: jina, saa ya kuingia, saa ya kutoka, sahihi. Ukingoja mwisho wa mwezi, mhasibu atataka ushahidi na posho itakwama hapo.

Rosta ibandikwe wiki 2 kabla ya mwezi kuanza. Na aliyetoka usiku asirudishwe jioni ya siku hiyohiyo, hata kama ni kijana.

Dada_Zamu: Mimi naongeza usalama wao. Muuguzi akijichoma sindano saa 8 usiku, dawa za kumkinga na VVU ziko wapi? Zikiwa zimefungiwa kliniki mpaka asubuhi, ameshajua kituo kinamthamini kiasi gani. Zinatakiwa kuanza haraka, isizidi saa 72, na zinamezwa siku 28. Dozi za kuanzia zikae wodini, ufunguo awe nao kiongozi wa zamu. Chanjo ya homa ya ini B ni dozi 3: ya kwanza, ya pili baada ya mwezi 1, ya tatu miezi 6 baada ya ya kwanza. Hiyo ya tatu ndiyo husahaulika. Fungua daftari la chanjo za watumishi.

Afisa_Mstaafu: PEPMIS, ule mfumo wa kupima utendaji wa watumishi wa umma, usiidharau. Kazi zao zisipoingizwa, nawe usipozithibitisha kwa wakati, mtu anakosa alama na daraja linachelewa. Tenga saa 1 kila wiki kwa hilo.

Mfawidhi_Wazazi: Nawashukuru sana. Na hawa 4 walioandika barua?

Kitenge_Bluu: Usizikalie. Barua ikilala kwenye droo, wote 9 watajua. Kaa na kila mmoja dakika 20, nje ya wodi, umuulize kitu gani kikibadilika angebaki. Anayemfuata mwenza wake mpitishie, rosta haiwezi kutibu hilo. Anayesema zamu za usiku au kugombezwa mbele ya wagonjwa, huyo bado unaweza kubaki naye, na la kugombezwa linaanza kurekebishwa kesho asubuhi kwenye kupokezana zamu.