Naomba ushauri: ngoma yangu haivumi tena

Wakuu, shikamooni. Niko Bagamoyo, nafundisha watoto ngoma. Nina msondo, ile ngoma ndefu, wa mti wa mninga, ngozi ya mbuzi. Unyevu wa bahari ukizidi ngozi inalegea, sauti inashuka. Nikiipasha kwenye moto wa makuti inakaza na kulia vizuri mno, ila nyimbo mbili tatu tu imelala. Hilo nimelizoea.

Kinachoniumiza ni ufa mwembamba karibu na mdomo. Nikipiga upande ule inakoroma. Mafundi wa kuwamba, nizibe kwa gundi na unga wa mbao, au mti ukishapasuka basi? Na ngozi ya ng'ombe nitakayowamba upya haitaua ile sauti kali? Watoto wanaisubiri, jamani.